Umeshonwa nyuzi? Namna ya kuutunza mshono kuanzia siku ya kwanza mpaka unarudi kwenye shughuli zako

Mi ni fundi cherehani. Mkasi wangu wa kukatia vitenge ulinipitia kiganja cha mkono wa kushoto, pale chini ya kidole gumba, nikashonwa nyuzi sita, na kabla mkono haujarudi sawasawa mdogo wangu akajifungua kwa operesheni nikawa mimi ndo namuuguza nyumbani. Mara zote mbili tuliruhusiwa na kikaratasi kimeandikwa tarehe ya kurudi na panadol basi, hakuna aliyekaa chini kutueleza zile siku za katikati tunaishi vipi. Kwahiyo nikawa nauliza. Kila siku ya kusafisha kidonda namuuliza nesi, namuuliza dokta, nikifika nyumbani naandika kwenye daftari langu la vipimo vya wateja. Haya ndo niliyoyaandika, nimeyapanga kwa hatua.

Ila shika hili kwanza: uzi hauponyeshi. Uzi unashikilia tu, kama mi ninavyopiga bandi kitambaa kisicheze nikisubiri kupitisha mashine, anayeshona kweli ni mwili wenyewe na mwili una siku zake. Yote yanayofuata hapa chini ni kuupa mwili nafasi umalize kazi wakati uzi bado umeshika.

Hatua ya 1: Umekatika, zuia damu

Chukua kitambaa kisafi, khanga iliyofuliwa, taulo, chochote kisafi, weka juu ya kidonda na ukandamize kwa nguvu dakika 10 mpaka 15 bila kuchungulia. Hapo pa kuchungulia ndo wengi tunakosea, unabana dakika moja unafunua uone kama imekata, unakuwa umeondoa ile damu iliyoanza kuganda unaanza upya. Kama kitambaa kimelowa ongeza kingine juu yake usikitoe cha chini. Kama ni mkono au mguu unyanyue uwe juu kuliko kifua. Kama kuna kitu kimezama ndani, kipande cha chupa au msumari, usikichomoe, kandamiza pembeni yake na uende hivyohivyo.

Damu ikipungua na kidonda ni cha kawaida osha kwa maji safi yanayotiririka na sabuni. Na jamani naomba sana, usiweke mafuta ya taa, majivu, unga wa kahawa, dawa ya meno wala kinyesi cha ng'ombe. Najua tumekua tukiona wazee wetu wanaweka na wengine walipona, lakini vitu hivyo vinaingiza uchafu ndani na dokta akitaka kushona inabidi aanze kuukwangua kwanza, na maumivu yake utayasikia wewe.

Hatua ya 2: Amua kama ni cha kushonwa, na uwahi

Kidonda kinachohitaji nyuzi kina dalili zake: midomo yake imeachana haikutani yenyewe, unaona mafuta ya njano ndani au kitu cheupe, damu haikati baada ya hizo dakika 15, au kiko usoni, mdomoni, kwenye kiungo kama goti na vidole. Pia kama umekatwa kidole halafu hukikunji vizuri au ncha yake imekufa ganzi, wahi, mshipa wa fahamu au kano inayokunja kidole inaweza kuwa imeguswa na hapo ngozi kushonwa haitoshi.

Muda ni kitu kikubwa. Saa 6 mpaka 8 za mwanzo ndo nzuri, usoni wanaweza kushona hata baada ya saa 24 kwa sababu uso una damu nyingi na unapona haraka. Ukikaa nacho siku mbili ukaja, dokta anaweza kukataa kukifunga siku hiyo na sio kwamba anakufanyia roho mbaya, kukifunga kidonda chenye vijidudu ni kuvifungia ndani vitunge usaha, kwahiyo wanakiacha wazi wanakisafisha siku kadhaa ndo wanashona.

Ukiumwa na mbwa hiyo ni habari nyingine kabisa. Osha kwa sabuni na maji yanayotiririka dakika 15 kamili, kisha nenda siku hiyohiyo uulizie chanjo ya kichaa cha mbwa, na wengi hawashonwi papo hapo. Usisubiri uone mbwa atafanya nini.

Hatua ya 3: Uko kitandani unashonwa, uliza

Sindano ya ganzi inawaka sekunde chache halafu inatulia. Ikishashika utasikia kuvutwavutwa ila hutakiwi kusikia ukali wa sindano, ukisikia sema, wataongeza, usikaze meno kwa aibu. Mi nilikaza kwenye uzi wa kwanza mpaka nesi akaniona jasho akaniuliza "mama unasikia?" ndo nikaongezewa.

Nilikuwa nimegeuza uso lakini ufundi ukanizidi nikaanza kuangalia. Dokta hashoni kama mashine. Anapitisha sindano yenye umbo la mwezi mchanga upande huu inatokea upande ule, anafunga fundo, anakata, anaanza mwingine, kila uzi una fundo lake peke yake. Sio kama ule mshono wa mdomoni mwa mfuko wa unga ambao ukivuta uzi mmoja unaachia wote, hapa mmoja ukikatika wenzake wanabaki wameshika. Na havuti sana! Mi kwenye pindo nikivuta sana kitambaa kinakunjamana, yeye akaniambia ngozi ikivutwa sana damu haipiti na ikishavimba kesho yake uzi unaanza kuikata, kwahiyo anavuta mpaka midomo ya kidonda iguswane tu. (Kuna mishono mingine ya uzi mmoja unaotembea chini ya ngozi, hiyo huioni, inatumika sana kwenye operesheni.)

Kabla hujashuka kitandani pata majibu ya haya na uyaandike kwenye simu: nimeshonwa nyuzi ngapi, ni za kuyeyuka au za kutolewa, nirudi lini kusafisha na lini kutoa, na sindano ya pepopunda nachoma au sichomi. Hiyo ya pepopunda uliza mwenyewe wasipokuambia. Kidonda kichafu, cha udongo, bati la kutu, mbolea, kama imepita miaka 5 tangu chanjo ya mwisho unatakiwa uchomwe, na hata kidonda kisafi kama imepita miaka 10. Kina mama mliochomwa kliniki wakati wa ujauzito ile kadi msiitupe, inasaidia kuhesabu.

Hatua ya 4: Saa 48 za kwanza, pakavu

Usiloweshe. Kuoga oga ila kiungo kilichoshonwa kivalishe mfuko wa plastiki ufunge juu na kitambaa, au kiweke nje ya beseni mtu mwingine akumwagie. Vyombo na kufua hapana, hata kwa glovu za mpira, jasho la ndani linalowesha vilevile. Mkono ukiwa ndo umeshonwa usining'inize, uweke juu ya mto ukilala, mi usiku wa kwanza niliuacha chini ukawa unapwita kama moyo umehamia humo, nikaunyanyua baada ya nusu saa ukatulia.

Maumivu yakizidi ganzi ikiisha meza panadol kwa kipimo kilichoandikwa, epuka aspirini siku hizi kwa sababu inafanya damu isigande vizuri.

Hatua ya 5: Kusafisha

Kama umeambiwa urudi wakusafishe wao, rudi, usiruke siku. Kama umeambiwa ufanye nyumbani fanya hivi: chemsha maji yapoe kwenye chombo chenye mfuniko, nawa mikono kwa sabuni mpaka viwiko, fungua bandeji taratibu na ikiwa imeganda ilowanishe kwanza usiing'oe, chovya gozi (kile kitambaa chepesi cheupe cha kufungia vidonda) kwenye yale maji upanguse kutoka kwenye mshono kwenda nje, kila mpanguso gozi mpya au upande mpya. Kausha kwa kugusagusa sio kusugua, funika kwa gozi kavu. Usiweke pamba moja kwa moja juu ya mshono, nyuzinyuzi zake zinanasa kwenye mafundo na kuzitoa ni kazi.

Spiriti na ile dawa inayotoa povu (haidrojeni peroksaidi) achana nazo. Watu tunadhani kikiwasha ndo kinapona, kumbe zinaunguza ile nyama changa inayoota. Unga wa kapsuli za antibayotiki ulionyunyuziwa juu pia hapana, unaganda unakuwa zege unaficha usaha chini yake.

Kuanzia siku ya pili ya tatu utaona ukingo mwekundu mwembamba au rangi iliyokolea kidogo, uvimbe kidogo, majimaji meupe au ya njano nyepesi kidogo, halafu gamba, halafu kuwasha. Huko ndo kupona kwenyewe. Kuwasha kutakusumbua hasa usiku, usikune, gusagusa pembeni na kiganja.

Hatua ya 6: Dalili za kurudi hospitali leo, sio kesho

Maumivu kuongezeka baada ya siku ya tatu badala ya kupungua. Wekundu au joto linalosambaa kutoka kwenye mshono. Usaha, harufu, homa, kutetemeka. Mstari mwekundu unaopanda mkononi au mguuni, ambao kwenye ngozi nyeusi hauonekani kirahisi, kwahiyo papasa, utasikia joto na maumivu yanapanda. Mshono kufumuka. Na kama taya linakaza au shingo inakakamaa wakati una kidonda, hiyo inaweza kuwa pepopunda, usikae nyumbani hata dakika.

Mshono ukifumuka usijaribu kuubana na plasta mwenyewe, funika kwa gozi safi uende. Na usikimbilie duka la dawa kununua amoksilini nusu dozi, kama kuna usaha umejifungia ndani kidonge hakiufikii, inabidi utolewe uzi mmoja au mbili usaha utoke. Mwenye kisukari asisubiri dalili zikamilike, kwake kidonda kinapona polepole na kinaharibika kimyakimya, apime sukari wakati wote wa kuuguza kidonda.

Chakula

Hapa nitasema kifupi. Kila mtu atakuja na marufuku yake, usile mayai, usile maharage, usile dagaa. Mwili unajenga nyama mpya na nyama inajengwa na hivyo hivyo mnavyokatazana. Kula mayai, maharage, dagaa, mboga za majani, machungwa, mapera, kunywa maji. Acha sigara, inapunguza damu kufika kwenye ngozi.

Hatua ya 7: Kama mshono ni wa kujifungua

Hii nimeiishi na mdogo wangu kwahiyo nitakaa kidogo. Operesheni ya uzazi unachoona nje ni mstari mmoja juu ya kinena lakini ndani kuna tabaka kadhaa zimeshonwa, pamoja na mfuko wa uzazi wenyewe. Ngozi ikipona usidhani na ndani kumepona.

Kuamka na kutembea taratibu kunaanza mapema, kuanzia ile siku ya kwanza kama hospitali wameruhusu, kutembea kunasaidia damu isigande miguuni na gesi itoke. Ukitaka kuinuka geukia ubavu kwanza, shusha miguu, jisukume na mkono, usinyanyuke moja kwa moja kwa tumbo. Ukikohoa, ukicheka, ukipiga chafya, kumbatia mto tumboni. Kunyonyesha mweke mtoto kwapani miguu yake ielekee mgongoni kwako, au nyonyesha umelala ubavu, asikanyage mshono. Choo kikiwa kigumu unajikamua na mshono unauma, maji mengi na papai.

Usinyanyue kitu kizito kuliko mtoto wako kwa wiki 6. Ndoo ya lita 20 ikijaa ni kilo 20 na zaidi. Hiyo ndo vita niliyopigana nyumbani, wageni wanakuja kumwona mtoto wanakula wanaondoka na bomba liko uani, mdogo wangu anataka kuchota. Ndugu, ukienda kumtembelea mzazi aliyefanyiwa operesheni mjazie ndoo zake ndo uondoke.

Sasa kukandwa. Bibi zetu wana nia njema na maji ya moto yana raha yake mgongoni na miguuni, lakini juu ya mshono wa operesheni HAPANA. Maji ya moto yanaunguza ngozi ambayo bado imekufa ganzi haisikii vizuri, yanalowesha mshono, na ule mkandamizo unafumua. Nilimwambia mama kwa heshima "mama, mkande mgongo na miguu, tumbo tuliache mpaka dokta aseme," akaelewa. Mkaja nao vilevile, ukifungwa umebana juu ya mshono mbichi unatunza jasho na kusugua, muulize daktari kwanza. Chupi vaa ya pamba inayopanda juu ya mshono isiishie palepale. Tumbo likiwa linakunjamana juu ya mshono, linyanyue pakauke, pasipopata hewa ndo panapoanza harufu.

Aliyeshonwa njiani, yaani kwenye njia ya uzazi baada ya kujifungua kawaida, nyuzi zake ni za kuyeyuka. Osha kwa maji safi kila ukitoka chooni, pangusa kutoka mbele kwenda nyuma, badilisha pedi mara kwa mara.

Hatua ya 8: Kutoa nyuzi

Siku zinategemea mahali. Uso siku 3 mpaka 5. Kichwani, mikononi na kifuani 7 mpaka 10. Miguuni, viganjani, nyayoni na kwenye viungo 10 mpaka 14. Mi nilitolewa siku ya 12. Ukiwahi mno panaachia, ukichelewa mno ngozi inaanza kuota kuzunguka uzi na unabaki na alama za vitundu pande mbili kama ngazi.

Usijitoe mwenyewe kwa wembe. Nasema hivi nikiwa mtu ninayefumua nguo kwa wembe kila siku na mkono wangu hautetemeki. Nesi alilowanisha gamba, akashika fundo kwa kikoleo kidogo akalinyanyua mpaka ikaonekana nusu milimita ya uzi uliokuwa umejificha chini ya ngozi, ule wa ndani ni msafi unang'aa, wa nje umekuwa mweusi wa jasho na vumbi. Akakata palepale, upande mmoja tu, akavuta fundo kuelekea kwenye mshono. Maana yake ule uzi mchafu wa nje haukupita ndani ya nyama hata kidogo. Mi ningekata fundo kwa juu kama kwenye nguo, ningeuburuza uchafu wote ndani, au ningekata pande mbili kipande kikabaki humo. Alitoa mmoja akaruka mmoja, akaangalia kama panashika, ndo akamalizia.

Hatua ya 9: Baada ya nyuzi

Panaonekana pamefunga lakini wiki ya 3 ngozi ina kama asilimia 20 tu ya nguvu yake ya zamani, na hata miezi 3 inafika kama 80, haizidi hapo. Kwahiyo mkasi mzito niliurudia polepole, vitambaa vyepesi kwanza, jinzi baadaye kabisa. Kovu likinge na jua miezi ya mwanzo lisikolee. Kama kwenu mna makovu yanayovimba na kutanuka kuliko kidonda chenyewe, keloidi, mwambie daktari mapema, usilikwangue wala usilipake dawa kali za kuchubua.

Mazoezi anza na kutembea. Ukirudi kukimbia baada ya wiki nyingi za kukaa utapata kichomi, ile kubanwa ubavuni chini ya mbavu. Punguza mwendo, bonyeza pale na vidole huku umeinama kidogo mbele, vuta pumzi ndefu uitoe taratibu, kitaachia. Usile mlo mkubwa ndani ya masaa mawili kabla, na soda na juisi za sukari nyingi kabla ya kukimbia zinakileta. Hicho kinakuja ukikimbia kinaondoka ukipumzika, na kiko ubavuni. Maumivu ya palepale kwenye mshono yanayokuja kila ukijikaza ni kitu kingine, simamisha mazoezi ukaonyeshe.

Na neno lenyewe kichomi linatuchanganya kwa sababu homa ya mapafu pia tunaiita kichomi. Kama kifua kinachoma ukivuta pumzi umekaa tu, na kuna homa na kikohozi, hicho si cha mazoezi. Na mwanamke aliyejifungua ndani ya wiki 6, hasa kwa operesheni, akisema ana kichomi, pumzi inakata, au mguu mmoja umevimba na unauma kwenye shavu la mguu, inaweza kuwa damu imeganda na kupanda kwenye mapafu. Usimkande, usimpe tangawizi, usisubiri asubuhi. Tafuta usafiri saa hiyohiyo, na ukifika mapokezi sema wazi, "amejifungua wiki kadhaa zilizopita, hapumui vizuri," ili asipangwe foleni na wenye mafua.